Miezi minane iliyokosekana kwenye jalada

Novemba 2017 mshahara haukuingia. Ilikuwa Ijumaa, tarehe 24. Nilikwenda ATM asubuhi, nikarudi tena baada ya swala, na mara zote mbili mashine ikanionyesha salio lilelile la shilingi elfu tatu na ushei. Nikajisemea labda ni mtandao. Aliyezoea mshahara wa Serikali husingizia mtandao mpaka siku ya mwisho.

Jumatatu yake mkuu wa masijala akanipa rundo la bahasha za kaki nizisambaze, kama kawaida. Nilikuwa mhudumu wa ofisi katika halmashauri moja ya wilaya huku kusini kwenye mikorosho, na tangu 2003 kazi yangu ilikuwa hiyo: kutoa majalada masijala kuyapeleka kwa maofisa, kuyarudisha, kupeleka barua na kuchukua saini kwenye kitabu cha dispachi. Siku ile kitabu kilikuwa na majina kumi na moja. Madereva wawili, walinzi, wahudumu wa afya, mtendaji wa kijiji mmoja. Jina la saba lilikuwa langu. Hakuna aliyekuwa ameniambia. Nililisoma nikiwa nimesimama koridoni, kalamu sikioni, nikatia saini ya kupokea mbele ya jina langu, nikaendelea na la nane. La nane lilikuwa la dada mmoja aliyekuwa anasubiri barua ya likizo ya uzazi. Aliponiona nakuja na bahasha akatabasamu.

Barua yenyewe ilikuwa fupi. Naondolewa katika utumishi wa umma kwa kukosa sifa ya elimu ya kidato cha nne.

Kwa wasiokumbuka, mwaka ule ulikuwa mwaka wa uhakiki wa vyeti vya watumishi wa umma. Tarehe 28 Aprili 2017, pale Chuo Kikuu cha Dodoma, Rais Magufuli alikabidhiwa ripoti ya vyeti, watumishi 9,932 wakatajwa kuwa na vyeti vya kughushi na kutakiwa kuondoka. Sisi darasa la saba tulikuwa kundi lingine kabisa, ingawa mtaani tulitiwa kapu moja nao, tukaitwa "wa vyeti feki". Sisi cheti cha kidato cha nne hatukuwa nacho kabisa, si cha kweli wala cha kughushi, na hatukuwahi kusema tunacho. Shida yetu ni kwamba kuanzia tarehe 20 Mei 2004 kidato cha nne ndicho kilichokuwa sifa ya chini ya kuingia utumishi wa umma. Uhakiki ulipotufikia, waliokuwamo kabla ya tarehe hiyo na walioingia baada yake wakapitishwa kwenye chekeche moja.

Ishirini Mei 2004. Tarehe hiyo naikumbuka kuliko ya ndoa yangu. Mimi niliajiriwa Septemba 2003.

Hapo kati kulikuwa na kishawishi, na nitasema ukweli. Fomu za uhakiki zilipokuwa zinagawiwa, kijana mmoja wa steshenari alinifuata akaninong'oneza kwamba kwa laki tatu nitapata cheti cha kidato cha nne, na alama nitachagua mwenyewe. Nilikataa. Ningependa kusema ni uadilifu, ila laki tatu sikuwa nazo. Kwenye fomu nikaandika darasa la saba, 1979, kama nilivyoandika siku naajiriwa. Mama mmoja niliyefanya naye kazi masijala miaka yote yeye alikuwa ametumia cheti cha mdogo wake, na uhakiki ukamnasa. Mpaka leo hajarudi. Mwaka 2022 Serikali ilipoamua waliofukuzwa kwa vyeti vya kughushi warudishiwe michango yao, alipata kile alichokatwa yeye kwenye mshahara wake. Sehemu aliyochangia mwajiri, ambayo ndiyo kubwa, hakuiona. Alikuwa mchapakazi kuliko mimi, hilo nalisema bila kupepesa macho.

Miezi ya nje sitaisimulia sana, kila mtu ana yake. Bei ya korosho ilikuwa nzuri msimu ule, nikapata kibarua cha kupakia magunia kwenye ghala la chama cha msingi cha ushirika. Mgongo wa mtu wa miaka hamsini na tatu ulikuwa na maoni yake juu ya kazi hiyo. Siku moja tu niitaje. Januari 2018 mtoto wangu wa mwisho alishikwa na malaria kali usiku, tukamkimbiza hospitali. Dirishani nikatoa kadi ya bima kama nilivyozoea. Binti wa mapokezi akaandika namba, akasubiri, akaandika tena, kisha akanirudishia kadi kwa mikono miwili. "Baba, kadi imefungwa." Nyuma yangu foleni ilikuwa ndefu na wengi walikuwa wananijua. Nililipa shilingi 38,000, nyingi zikiwa za kukopa kwa jirani hukohuko kwenye foleni. Risiti nikaikunja nikaitia kwenye kava la kitambulisho cha kazi. Sikuwa na sababu ya kuitunza, ni tabia tu ya mtu wa masijala.

Aprili 2018 ndipo ikatangazwa. Waziri wa Utumishi wakati huo, Kapteni mstaafu George Mkuchika, mbunge wa Newala Mjini, aliliambia Bunge kwamba darasa la saba walioajiriwa kabla ya 20 Mei 2004 warudishwe kazini na walipwe mishahara ya kipindi walichokuwa nje. Nilisikia redioni, kwenye kibanda cha kahawa. Watu wakanipa mikono kama nimeoa. Nikadhani yamekwisha.

Getini kwa mwajiri wangu mlinzi alikuwa kijana niliyemkuta anaanza kazi na nikamfundisha ofisi zilipo. Akanipa shikamoo vizuri, kisha akanisogezea kitabu cha wageni. Sikuwahi kukiandika maishani. Kwenye safu ya sababu ya kuja nikaandika "kikazi". Akakitazama, akanitazama, akasema taratibu, "Mzee wangu, naomba uandike binafsi. Wakikagua wataniuliza." Nikakata, nikaandika binafsi.

Ndani nikaambiwa simo kwenye orodha ya wanaorudi. Kisa: kwenye mfumo wa mishahara, ule tuliokuwa tunauita Lawson, tarehe yangu ya ajira ilisomeka 1 Machi 2005. Hiyo ni tarehe niliyothibitishwa kazini. Aliyeingiza taarifa, miaka hiyo, alichukua barua ya kuthibitishwa akaacha ya ajira. Kosa la dakika moja la mtu ambaye sasa ni mstaafu. Kwa tarehe hiyo mimi nilikuwa wa baada ya Mei 2004, kwa hiyo mfumo haukuwa na habari nami.

Nikasema rahisi, leteni jalada langu, folio namba moja, yaani karatasi ya kwanza, ni barua ya ajira. Nilikuwa najua, nilishalibeba mimi mwenyewe. Likaletwa. Kijana akalifungua mbele yangu. Lilianza na folio namba nne. Tundu la kamba lilikuwa limechanika, na folio moja hadi tatu hazipo. Wakati wa uhakiki majalada yalikuwa yametolewa kwa mafungu, yakapangwa sakafuni, yakafungwa kwa katani, yakasafirishwa yakarudi. Nilikuwa mmoja wa waliofunga. Huenda karatasi yangu niliipoteza kwa mkono wangu, sijui.

Nakala yangu ya nyumbani nayo ilikuwa imeliwa na mchwa, pamoja na daftari la madeni, ambalo sikulisikitikia. Nikakaa wiki nzima najiona mjinga: mtu wa majalada asiye na jalada. Kisha mke wangu akauliza, kama anayeuliza habari za chumvi, "Benki si walichukua karatasi zako ulipokopa ile ya bati?" Mwaka 2011 nilikopa kuezeka nyumba, na benki wakati ule ilitaka nakala ya barua ya ajira iliyogongwa muhuri wa mwajiri. Mkopo niliokuwa nao 2017, uliokuwa unanila riba huku sina mshahara, ulikuwa mtoto wa mkopo ule. Nikaenda kwa afisa mikopo nikiwa na hofu kwamba akiniona atanidai. Alinidai kweli. Lakini alipomaliza akaingia stoo, akatoka na faili limejaa vumbi, na ndani yake mlikuwa na barua yangu ya Septemba 2003, muhuri wa zambarau bado unasomeka. Akanipa nakala na kuigongea muhuri wa benki. Nikaongeza salari slipu ya Novemba 2003, ambayo mke wangu alikuwa ameifungia hirizi ya mtoto, ndiyo maana haikupotea. Kwa karatasi hizo mbili tarehe ikarekebishwa.

Barua ya kurejeshwa nilipewa tarehe 4 Juni 2018, na katika mambo yote ninayotaka kusema, hili ndilo hasa. Aya ya kwanza ilikuwa tamu. Aya ya pili ilisema narejeshwa kazini "kuanzia tarehe ya barua hii".

Nilikwenda nayo kwa katibu wa tawi wa chama chetu cha wafanyakazi, ingawa kulikuwa na waliosema mimi si mwanachama kwa kuwa sijakatwa ada miezi ile, kana kwamba ningekatwa ada kwenye mshahara usiokuwapo. Katibu alikuwa mwalimu wa zamani, mtu wa kusoma polepole. Akaisoma, akaniuliza, "Umerejeshwa au umeajiriwa upya?" Sikuelewa tofauti. Akanifungulia Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004, kifungu cha 40, akanionyesha kwamba sheria yenyewe inatenganisha mambo hayo. Kumrejesha mtu ni kumrudisha kuanzia siku alipoachishwa, bila kupoteza mshahara wa kipindi alichokuwa nje. Kumchukua tena kazini ni jambo jingine, na masharti yake ni mengine. Akasema kwamba sisi hatukurudishwa na Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, inayoamua migogoro ya kazi, bali kwa agizo la Serikali, lakini agizo lenyewe limetaja mishahara ya nyuma, kwa hiyo maana yake ni ile ya kwanza. "Barua yako inasema ya pili," akasema. "Rudi ukaombe iandikwe upya. Usigombane, wewe omba tu."

Nilirudi. Afisa utumishi alikuwa mama wa makamo, mstaarabu, amechoka na watu wa aina yangu.

"Baba, si umerudi? Wenzako wengine bado wanahangaika huko nje."

"Nimerudi mama, na nashukuru. Ila kwa aya hii ya pili nimerudi leo. Hii miezi minane nilikuwa wapi?"

Akanyamaza. Akachukua barua, akaisoma kana kwamba si yeye aliyeiandaa. Kisha akasema neno ambalo nilimheshimu nalo mpaka anahama: "Mimi nilinakili ya wilaya jirani."

Tofauti ya maneno hayo machache niliikokotoa baadaye. Kwa tarehe ya barua, madai yangu ya mshahara yangekuwa Juni peke yake, maana Julai niliingia kwenye malipo. Kwa tarehe ya kuondolewa, ni Novemba mpaka Juni. Utumishi wangu ungekatika vipande viwili na michango ya pensheni ingebaki na shimo. Kupanda daraja kungeanza kuhesabiwa upya huku wenzangu wakiwa wamepanda nikiwa ghalani na magunia. Hata likizo ingeanza moja. Barua mpya ilitoka baada ya wiki tatu. Iliandika "kuanzia tarehe uliyoondolewa, na kipindi hicho kihesabiwe kuwa sehemu ya utumishi wako". Nilitoa nakala sita. Moja ipo kwa shemeji yangu Tandahimba mpaka leo.

Niingize hapa habari ya dereva mmoja wa kwetu, kwa sababu watu huchanganya. Yeye hakuwa wa darasa la saba. Alifukuzwa kwa kosa la nidhamu, gari lilikutwa na abiria njiani. Alikuwa na haki ya kukata rufaa Tume ya Utumishi wa Umma ndani ya siku 45 tangu apokee uamuzi. Akashauriwa na watu wa kijiweni aende moja kwa moja Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, wakamwambia huko ndiko kwenye fidia. Akaenda, akajaza fomu, akapangiwa tarehe. Siku ya siku akaambiwa kwamba tangu marekebisho ya 2016 Sheria ya Utumishi wa Umma ina kifungu cha 32A, kwamba mtumishi wa umma amalize kwanza njia zote za ndani ya sheria hiyo. Kurudi kwenye njia yenyewe, siku 45 zimekwisha. Ikambidi aombe kuongezewa muda, na kueleza sababu, na sababu ya "niliambiwa na rafiki" haiandikiki vizuri kwenye barua. Alikubaliwa hatimaye. Akashinda pia, kwa kuwa hakuwahi kupewa hati ya mashtaka. Akafanya sherehe, akachinja mbuzi. Hakuwa ameisoma hukumu mpaka mwisho: ilisema arudi kazini na mchakato wa nidhamu uanze upya kwa kufuata taratibu. Wiki ya pili akapewa hati ya mashtaka, ya kweli safari hii. Mbuzi keshaliwa.

Tuendelee na madai yangu. Malimbikizo ya mshahara hayalipwi na ofisi uliyomo. Fomu inajazwa, inahakikiwa kwa mwajiri, inakwenda Utumishi, inahakikiwa tena, Hazina ndiyo inayolipa, na kila kituo kinaweza kukurudisha kwa kukosa karatasi moja. Yangu ilirudishwa mara moja kwa sababu sikuambatisha salari slipu ya mwisho kabla ya kuondolewa. Yaliingia Machi 2019, bila tangazo, nikayaona kwenye simu nikiwa shambani. Furaha ilidumu mpaka saa kumi jioni, benki ilipochukua marejesho ya miezi minane na riba yake. Kilichobaki nililipa jirani wa hospitalini na kununua pampu ya kupulizia mikorosho.

Kosa langu ni kwamba nilipoona pesa nikalegea. Sikuuliza michango. Nilipokuwa nje, Agosti 2018 ilikuwa bado haijafika. Ilipofika, LAPF, mfuko wa pensheni niliokuwamo, ikaunganishwa na mifuko mingine kuwa mfuko mmoja, PSSSF. Nikadhani malipo ya nyuma yakilipwa, asilimia tano yangu na kumi na tano ya mwajiri vitajipeleka vyenyewe. Havikujipeleka. Niligundua 2023, mwaka mmoja kabla ya kustaafu, nilipochukua taarifa ya michango. Sisi wa zamani wengi tulizaliwa Julai mosi, nami hivyo hivyo, 1964, kwa hiyo mwezi wangu wa mwisho wa kazi ulikuwa Juni 2024. Kutoka Septemba 2003 mpaka hapo ni miezi 250. Kwa taarifa ile ningefika 242 tu. Watu hubishana usiku kucha juu ya asilimia za kikokotoo cha pensheni, lakini kikokotoo chochote utakachopewa kinaanza kwa kuhesabu miezi, na mwezi usiokuwa na mchango ni kama hukufanya kazi.

Safari hii sikupanda na hasira. Nilipanda na bahasha: barua ya Septemba 2003 yenye mihuri miwili, barua ya kurejeshwa ile ya pili, taarifa ya benki ya Machi 2019, na taarifa ya michango niliyopigia mstari kwa kalamu nyekundu kila mwezi uliokosekana. Afisa utumishi wa sasa ni kijana, hakuwapo 2018, na hakuhitaji kuwapo. Alisoma karatasi nne, akaandika barua palepale. Ilichukua miezi tisa na safari tatu za mkoani kwa nauli yangu. Wiki mbili kabla sijastaafu nilichukua taarifa nyingine, ikasoma mpaka mwezi ule miezi yote ipo.

Risiti ya 38,000 haina pa kupelekwa, niliuliza. Kadi ilifunguliwa tangu siku niliyorudi kwenye malipo na mbele, ya nyuma hayatazamwi. Nauli ya likizo ya 2018, niliyostahili mwaka ule kwa zamu yangu ya kila baada ya miaka miwili, haijalipwa mpaka leo. Nimeiandikia barua tatu, na nakala zangu zote zina muhuri wa masijala wa kupokelewa.